Chora maji ya bamvua kwa Desmos

Mwanafunzi wa skuli ambaye grafu za kosaini hazimwingii, azichore kwa maji ya bahari yetu. Fungua kikokotoo cha grafu cha Desmos, ni bure, uandike y = a cos(2πx/12.4). Kwa alama ya π andika tu pi. Hiyo 12.4 ni saa kutoka maji kujaa hadi kujaa tena, na x ni saa zinazopita. Utaulizwa kama unataka kitelezi cha a: kubali. Kiburute hadi 2, umepata bamvua la Unguja, mita 4 hivi kutoka kupwa hadi kujaa. Kirudishe 0.5, hayo maji mafu. Mkunjo unalala, lakini vilele havisogei kushoto wala kulia, na hapo ndipo mtu anapoona kwa macho kwamba kimo na kipindi ni vitu viwili mbalimbali. (Bahari yenyewe ina mambo zaidi ya fomula moja, ila kwa kujifunzia yatosha.)

Rudisha a iwe 2, kisha chora na y = -1.5. Mkunjo ukipita chini ya mstari huo, tuseme ndio wakati kina mama wa Paje wanashuka kwenye mwani.

Hakikisha umeweka radiani, si digrii, la sivyo utapata mstari karibu ulionyooka. Bando likiisha, programu yake ya simu huchora bila intaneti.