Namna ya Kujifunza Wakati Uliopita Sahili katika Kiingereza

Msemaji wa Kiswahili anayeanza kujifunza wakati uliopita sahili wa Kiingereza ana msingi mzuri kuliko anavyodhani, kwa kuwa kazi ya umbo hili inakaribiana sana na kazi ya kiambishi "-li-": kueleza tendo lililokwisha, katika wakati ambao nao umekwisha. Sentensi yenye "yesterday", "last week", "two years ago" au "in 2010" huhitaji umbo hili. Anayesema "I have seen him yesterday" ameingiza "-me-" mahali pa "-li-". Alipaswa kusema "I saw him yesterday".

Anza na kitenzi "be", maana hutumika kila mara: "was" huenda na "I", "he", "she", "it" na nomino za umoja, na "were" huenda na "you", "we", "they" na nomino za wingi. Vitenzi vingine havijali kiima, kwa hiyo "I worked", "she worked" na "they worked" ni umbo lile lile.

Vitenzi vya kawaida huongezwa "-ed", au "-d" pekee vikiwa vinaishia kwa "e", kama "live" na "lived". Konsonanti ikitangulia "y", herufi hiyo hugeuka "i": "study" huwa "studied", lakini "play" hubaki "played". "Stop" hurudia konsonanti ya mwisho na kuwa "stopped", ilhali "visit" huwa "visited" tu, kwa sababu mkazo wake hauko kwenye silabi ya mwisho.

Matamshi ya "-ed" yanastahili muda zaidi kuliko tahajia, ingawa madarasa mengi huyapita haraka. Baada ya sauti sighuna, yaani isiyotetemesha nyuzi za sauti kooni, kama katika "worked" na "washed", kinachosikika mwishoni ni "t". Baada ya sauti ghuna, yaani inayozitetemesha nyuzi hizo, kama katika "called" na "played", kinachosikika ni "d". Silabi ya ziada huongezeka pale tu kitenzi kinapoishia kwa sauti ya "t" au "d", kama "wanted" na "needed". Kwa kuwa silabi za Kiswahili kwa kawaida huishia kwa irabu, ulimi wetu hupenda kuipachika irabu hiyo hata mahali isipotakiwa, na "worked" hutamkwa kana kwamba ina silabi mbili.

Vitenzi visivyofuata kanuni havina budi kukaririwa, lakini orodha ya kialfabeti ni njia mbaya ya kuvikariri. Vipange kwa kufanana: "cut" na "put" havibadiliki, "bought", "brought" na "thought" vina mwisho mmoja, "sang", "drank" na "began" hubadili irabu ya ndani. "Went" hukaa peke yake. "Read" huandikwa vile vile, ila katika wakati uliopita hutamkwa kama rangi "red".

Kwenye ukanushi na maswali, alama ya wakati uliopita huhamia kwenye "did", na kitenzi kikuu hurudi katika umbo lake la msingi: "She went", "She did not go", "Did she go?". Kosa la "didn't went" linatokana na kuweka alama hiyo mara mbili. "Be" haihitaji "did" kamwe, kwa hiyo husemwa "They were not late" na "Were they late?". Vilevile, "who" ikiwa ndiyo kiima, "did" huachwa: "Who called you?".

Katika masimulizi, Kiswahili hutumia "-li-" mara moja kisha "-ka-" ikaendeleza habari: nilifika, nikafungua mlango, nikaketi. Kiingereza hakina kiambishi cha namna hiyo, hivyo kila kitenzi hubeba wakati wake: "I arrived, opened the door and sat down". Wanafunzi wengi huanza vizuri na "arrived", kisha huteleza kwenye "open" na "sit". Kwa mazoezi, andika kila jioni aya fupi ya mambo uliyoyafanya jana, pigia mstari vitenzi vyote, ukague kimoja kimoja, kisha zigeuze sentensi zote ziwe za ukanushi na baadaye maswali, ukizisoma kwa sauti.