Wembe wa fikira: jinsi ya kunyoa dhana zisizo na kazi

Wanafalsafa wana kanuni fupi fupi wanazoziita nyembe, kwa kuwa kazi yake ni kunyoa. Jambo likitokea, barazani hutolewa maelezo kumi; wembe huondoa saba, ukabaki na matatu ya kuchunguza. Wengi huharibu hapo: hunyoa mpaka likabaki moja, kisha wakalifanya hukumu. Wembe hauna kazi hiyo. Unakuonyesha uanze kukagua wapi, basi, na ukaguzi unabaki juu yako.

Kwanza, je, jambo lenyewe lipo?

Mwaka 1593, huko Silesia, zilienea habari za mtoto aliyeota jino la dhahabu. Jakob Horst, profesa wa tiba, aliliandikia kitabu kizima mwaka 1595 akieleza sababu zake, na wasomi wengine wakaingia kubishana naye. Lilipofika mikononi mwa sonara, ikaonekana ni jino la kawaida lililofunikwa karatasi nyembamba ya dhahabu. Wangemwita sonara kwanza.

Sasa tuseme uko Mombasa, na saa tano usiku unaingia ujumbe kwenye simu: kuanzia kesho feri ya Likoni haivuki. Kabla hujajiunga na wanaojadili ni kwa nini, uliza swali moja: "Umejuaje?" Majibu huwa ya aina tatu: nimeona, nimeambiwa na aliyeona, nimetumiwa. Hilo la tatu halina uzito wowote mpaka chanzo kijulikane. Watu arobaini waliosambaza ujumbe ule ule ni shahidi mmoja, na huenda hata huyo mmoja hayupo.

Kanuni iliyo nyuma ya swali hili siku hizi hupewa jina la mwandishi Christopher Hitchens: linalodaiwa bila ushahidi laweza kukataliwa bila ushahidi. Mombasa haikumsubiri. Kila aliyekaa darasani kwa sheikh au kufuatilia kesi kwa kadhi anaijua kaida kwamba ushahidi ni juu ya mdai, na yamini ni juu ya anayekana. Ila chunga mpaka wake: kukataa dai hakuthibitishi kinyume chake. Asubuhi ukiwa na safari ya lazima, toka mapema kidogo.

Wembe wa Ockham, kwa karatasi na kalamu

William wa Ockham, mtawa wa Uingereza aliyefariki mwaka 1347, alifundisha kwamba mambo yasiongezwe pasipo haja. Watu huufupisha wembe huu kwa kusema "maelezo mepesi ndiyo ya kweli", na ufupisho huo ndio unaoupotosha. Kinachohesabiwa ni dhana: mambo ambayo lazima yawe kweli ili maelezo yasimame, na ambayo wewe hujayahakiki.

Chukua nyumba ya kupanga Majengo, stima imepotea saa mbili usiku. Andika kila maelezo kwenye mstari wake, na chini yake orodhesha dhana zake. Tokeni zimeisha: dhana moja. Swichi kubwa imejizima: moja. Mtaa mzima hauna stima: moja. Mwenye nyumba kamtuma fundi akukatie waya ili uhame: hapa hesabu vizuri. Anataka uhame, ameona njia hii ni bora kuliko kukupa notisi, amempata fundi wa kukubali, fundi amefanya kazi bila kuonekana, na wamechagua usiku huu. Dhana tano. Hata ukiwa mkarimu, ukaipa kila moja nafasi ya nane kwa kumi, na tukichukulia kwamba hazitegemeani, zote tano kwa pamoja zinabaki na nafasi ya 33 hivi kwa 100, maana 0.8 × 0.8 × 0.8 × 0.8 × 0.8 ni 0.328. Na nani ana sababu ya kumpa fundi asiyemjua nane kwa kumi?

Kisha panga ukaguzi kwa gharama, rahisi kwanza: chungulia dirishani uone taa za jirani, soma salio kwenye mita, tazama swichi. Dakika tatu zinatosha. Zote tatu zikiwa sawa, ndipo ya nne inapopata haki ya kusikilizwa, na fundi wa kuitwa kesho asiwe wa mwenye nyumba.

Kosa la kwanza ni kuhesabu maneno badala ya dhana. Muuza duka ambaye wateja wamempungukia akisema "nimefanyiwa", ametumia neno moja tu, lakini neno hilo limebeba mtu mwenye kijicho, aliyeamua, aliyelipa, na ikafanya kazi, tena Januari ile ile ambayo wazazi wote wamemaliza pesa kwenye karo. Ufupi wa sentensi si wepesi wa maelezo.

Kosa la pili ni kuamini kwamba lazima sababu iwe moja. Madaktari hujibu wembe wa Ockham kwa kanuni wanayoihusisha na John Hickam, daktari wa Marekani: mgonjwa anaweza kuwa na maradhi mengi kadiri apendavyo. Mtu akipata homa hapa pwani, watu husema malaria na kwenda kununua dawa. Ni dhana nzuri ya kuanzia, na ni sababu ya kupima, haitoshi kuwa sababu ya kumeza. Homa ya dengue imewahi kuzuka Mombasa, mwaka 2013 kwa mfano, na mbu wake huuma mchana wakati chandarua kimekunjwa. Kipimo cha malaria kikitoka "hamna", usirudie dawa za malaria kwa kuwa ndizo ulizozizoea. Na kikitoka "ipo" lakini homa haishuki kwa dawa, rudi hospitali: la pili laweza kuwa limejificha nyuma ya la kwanza.

Wembe wa Hanlon na mizani ya samaki

Wembe huu wasema: usimdhanie mtu ubaya pale uzembe au kutojua kunapotosha kueleza. Kwa tiki mbili za buluu zisizojibiwa, wembe huu peke yake unamaliza kazi. Mwenzio yuko kwenye matatu, kasoma, kasahau.

Kwenye pesa unahitaji nyongeza. Kosa la uzembe halina upande: siku moja linakupunja, siku nyingine linakuzidishia. Kwa hiyo ukihisi mchuuzi wa samaki anakupunja, pima upya nyumbani, mara kumi, siku tofauti, uandike. Kwanza hakikisha mizani yako mwenyewe: chupa ya maji ya lita moja iliyojaa isome kilo moja na gramu chache za plastiki. Kama ni uzembe tu, karibu nusu ya vipimo itakuwa juu na nusu chini. Vyote kumi kuwa chini kwa bahati nasibu ni nafasi 1 kati ya 1,024. Hapo mweke Hanlon pembeni.

Lakini usimrukie mtu bado, maana lipo jambo la tatu: springi ya mizani iliyochoka hupunja wateja wote bila nia ya mtu. Swali la kutenganisha ni hili: hununua kwa wavuvi kwa mizani hiyo hiyo? Kama ndiyo, mizani mbovu inamtia hasara kwao, maana anawalipa zaidi ya uzito halisi, na hilo linaelekea kumsafisha. Kama ana mizani mbili, moja ya kununulia na moja ya kuuzia, na kila moja imekosea upande wa kumfaa yeye, basi huna haja ya wembe tena.

Nini kingekuonyesha umekosea?

Mwanafalsafa Karl Popper alishikilia, tangu mwaka 1934, kwamba nadharia ya kisayansi lazima iwe na kitu inachokikataza; kikitokea, nadharia imeanguka. Mganga anayesema ukipona ni dawa yake, na usipopona umevunja miko, hajakataza chochote. Na mwenye kuuza "mechi za uhakika" ni vivyo hivyo: akipatia ni ujuzi, akikosa refa kahongwa. Dawa yake ni kumwandikisha kabla: timu gani, siku gani, na akikosa mangapi atakubali hajui.

Dai likiwa kubwa, lipige hesabu mpaka mwisho. Unaambiwa uweke shilingi 10,000, zizae asilimia 30 kila mwezi. Ukiacha faida ndani, baada ya miezi 12 ni kama 233,000. Baada ya miezi 24 zinapita milioni tano. Mwenye mashine ya namna hiyo angekuwa na haja gani na elfu kumi yako? Mwanafalsafa David Hume alishaeleza mwaka 1748 kwamba mwenye busara hulinganisha imani yake na ushahidi alionao, na picha za watu waliolipwa mwezi wa kwanza ni ushahidi wa mwezi wa kwanza tu.

Kabla ya kubomoa

Mwandishi G. K. Chesterton aliandika mwaka 1929 kwamba asiyejua ua umewekwa kwa nini asiruhusiwe kuuondoa. Umekodi duka Mji wa Kale, mlangoni kuna kizingiti cha saruji kinachokwamisha mkokoteni. Muulize aliyekutangulia, muulize jirani wa kila upande, na umuulize mzee anayekaa kibarazani mkabala. Tazama alama za maji ukutani, chini, pande zote mbili za mlango. Wote wakisema hawajui na ukuta ni mkavu, vunja wakati wa kiangazi, ila weka saruji na mchanga kando mpaka masika yapite.