Jinsi ya kuwapikia chakula cha pwani wageni wa harusi wanaotoka bara

Napika shughuli hapa Tanga, nyingi zikiwa harusi za Ngamiani, na siku hizi aghalabu upande mmoja unatoka mbali: Mwanza, Bukoba, Mbeya, mara nyingine Nairobi. Kamati huniletea swali lile lile. Tuwapikie tunachokula sisi, au tuwawekee chipsi na kuku wa kukaanga tumalize kazi? Jibu langu halijabadilika. Mtu amekaa kwenye basi siku nzima kuja kumwoza mwanawe pwani, basi ale pwani. Ila mpango uwepo, maana chakula kigeni kikimkuta mtu ana njaa na hana wa kumweleza, hata kiwe kitamu vipi kitarudi jikoni.

Hatua ya 1: Uliza mapema

Wiki tatu kabla, mpigie simu shangazi au mama mdogo wa upande wa wageni. Usiwaulize maharusi, wana mengi kichwani na watakwambia "chochote tu, mama". Shangazi anajua nani ana kisukari, nani ana presha, nani akila kamba anavimba midomo. Uliza pia kama kuna Wasabato, kwa sababu wao hawali kiumbe cha majini kisicho na mapezi na magamba. Pweza, ngisi na kamba hapo havipo, na si jambo la kugundua sahani ikiwa mezani.

Hatua ya 2: Gawa vyakula kwenye milo mitatu

Kosa ninaloliona sana ni kutaka kuonyesha kila kitu siku ya harusi yenyewe. Siku hiyo watu ni mamia, jua kali, picha haziishi. Vyakula vinavyohitaji maelezo vipe usiku wa kuamkia harusi, wageni wakiwa thelathini au arobaini nyumbani. Pilau ndiyo ya harusi, na vitafunio vya nazi vibaki kwa asubuhi ya kuagana.

Angalia na msimu. Upepo wa kusi ukivuma bahari inachafuka, samaki wanaadimika na bei inapanda, kwa hiyo harusi ya Juni au Julai itengee fedha ya samaki mapema, na uwe na mbadala: kuku wa kienyeji anapakwa tui vizuri tu.

Hatua ya 3: Wanaposhuka kwenye basi

Dafu kwanza, likatwe mbele yao. Halafu uji wa pilipili manga, ule tunaounywa wakati wa kufuturu, usiwe mzito. Tumbo lililokaa safarini halitaki mafuta. Weka na machungwa ya Muheza yaliyomenywa. Basi, wakaoge na wapumzike.

Hatua ya 4: Mlo wa usiku, na tui lake

Kwa watu arobaini mimi huweka wali wa nazi, samaki wa kupaka, kisamvu cha nazi, na bakuli dogo la mchuzi wa pweza kwa wanaotaka kuonja. Samaki nanunua soko la Deep Sea asubuhi hiyo hiyo, na kwa wageni nachagua nguru wa vipande. Changu ni mtamu zaidi, lakini ana miiba, na aliyezoea sato hajui miiba ya changu imekaa wapi. Kilo 10 za nguru zinatosha.

Mlo wote huu unasimama kwenye tui. Nilipoanza kazi tulikuna nazi na kukamua usiku wa kuamkia ili tuwahi, tukaacha tui kwenye ndoo jikoni. Joto la hapa mnalijua. Mchana tulipofunua, harufu ilikuwa imekwisha kubadilika, na nazi 30 zilimwagwa. Tangu hapo nazi hazivunjwi kabla ya saa tisa alasiri.

Kwa samaki na wali wa watu hao chukua nazi 25. Kuna, tia maji ya vuguvugu kiasi cha kulowesha tu, kamua kwa kifumbu, yaani kile kichujio cha kusuka. Hilo la kwanza ndilo tui zito, liweke peke yake. Rudia chicha, yaani machujo ya nazi, kwa maji mengi zaidi, upate tui jepesi la kupikia wali na kuchemshia kisamvu.

Nguru mpake chumvi, ndimu, thomu (kitunguu saumu) na tangawizi, akae saa moja, kisha mchome juu ya makaa yaliyotulia, yasiyo na ndimi za moto. Huku nyuma bandika tui zito na bizari ya manjano na kitunguu kilichosagwa, moto mdogo. Hapa usiondoke. Upawa uzame hadi chini, uchote, upandishe na umimine tena, upawa kwa upawa, mpaka tui lichemke. Ukiligeuzia mgongo linakatika, mafuta juu na maji chini, na halirudi. Likishakuwa zito linaloshika mgongo wa upawa, ndipo utie chumvi na maji ya ukwaju, mwishoni kabisa. Paka samaki, mgeuze juu ya makaa, paka tena. Linalobaki mwagia juu wakati wa kupakua.

Pilipili isiingie kwenye tui. Iweke pembeni, ya kusaga na ndimu, kila mtu ajipimie. Huko si kukipunguza chakula makali yake, hata nyumbani kwangu ndivyo tunavyokula.

Pweza anachemshwa bila chumvi wala maji mengi, anatoa maji yake mwenyewe. Akiiva anakuwa nusu ya alivyokuwa, kwa hiyo kilo 4 ni za kuonja tu. Mweleze mgeni kabla hajaonja. Mzee mmoja kutoka Bukoba aliniita akaniuliza, "Mwanangu, hii nyama laini ya mnyama gani?" Nikamjibu, "Si mnyama baba, ni pweza, ametoka baharini leo asubuhi." Akanyamaza kidogo, akatazama kipande kwenye kijiko, vile vikombe vyake vidogo vilivyojipanga, akala. Akaomba na mchuzi wake amwagie wali. Angeambiwa baada ya kula, ningekuwa nimemdanganya.

Hatua ya 5: Pilau ya siku yenyewe

Hesabu yangu ni kilo moja ya mchele kwa watu sita. Watu 210 ni kilo 35, na nyama yenye mifupa kilo 26 hadi 28. Nagawa sufuria tatu, kwa sababu sufuria moja kubwa mno inaungua chini juu bado mbichi. Wageni wa kanda ya ziwa wanaujua mchele mzuri, msiwaletee wa zamani wenye vumbi.

Viungo kwa kila kilo: bizari nyembamba kijiko kimoja cha mezani, mdalasini kijiti cha urefu wa kidole, hiliki sita, pilipili manga kumi, karafuu tano. Ukipika nyingi vizidishe vyote isipokuwa karafuu, hiyo ikate nusu, la sivyo pilau inakuwa na ladha ya dawa ya meno.

Rangi ya pilau ni kitunguu. Kikaange taratibu mpaka kiwe kahawia iliyokolea, ndipo thomu na tangawizi, viungo, nyama iliyochemshwa, viazi, supu yake, na mchele mwisho. Supu ikikauka punguza moto wa chini, funika, palia makaa juu ya mfuniko, uache. Kachumbari ikatwe dakika ya mwisho. Ndizi mbivu na juisi ya ukwaju visikose.

Hatua ya 6: Sinia

Huku kwetu pilau inaliwa kwenye sinia, watu wamekaa mkekani. Mgeni aliyezoea kupanga foleni na sahani anaweza kuona haya, akala matonge mawili akanawa. Kwa hiyo nikipanga sinia la watu sita, wawili ni wenyeji, na nawachagua mimi: watu wazima, wachangamfu, wenye adabu ya kula. Kazi yao ni ile tuliyofunzwa utotoni, kuimega nyama na kuisogeza upande wa mgeni. Kijana apite na birika na beseni, aanze kwa wazee. Anayetaka kijiko apewe bila maswali, na pembeni ziwepo sahani za wasioweza kukaa chini.

Kila sinia linapotua, mwenyeji ataje vilivyomo na aseme "karibuni". Inatosha, hakuna haja ya hotuba.

Hatua ya 7: Asubuhi ya kuagana

Mahamri, mbaazi za nazi, vitumbua, chai ya tangawizi. Kama wali wa nazi ulibaki, usiwape: nazi inachacha upesi, na mtu anaingia safari ndefu.

Familia ikiwa na uwezo, kila nyumba ya wageni ipate kifurushi: kashata, viungo vya pilau vya kilo moja vilivyofungwa tayari na karatasi ya maelekezo, na achari ya maembe. Achari itie kwenye chupa yenye mfuniko wa kukaza, kisha mfuko juu yake, na umkabidhi mgeni mkononi mwake. Mafuta yake yakivuja ndani ya sanduku lenye nguo za harusi, hayatoki.