Kuondoa Maombi ya Kudharau Amri ya Mahakama Bila Kujifungia Mlango

Tuchukulie mgogoro wa shamba la mikorosho huko Newala, ambapo mahakama imetoa zuio la muda kwamba mdaiwa asiokote korosho wala kukata mti hadi kesi ya msingi isikilizwe. Msimu ukaingia, mdaiwa akaokota, nawe ukafungua maombi ya kudharau amri ya mahakama, yaani ya kutaka aadhibiwe kwa kuvunja zuio hilo. Sasa ameacha, wazee wamewakutanisha, nawe unataka kuyaondoa maombi hayo, ila hutaki msimu ujao akirudi shambani uambiwe kwamba ulikwisha kuyamaliza.

Msingi wa kuyaondoa umo katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya Tanzania, Sura ya 33, Amri ya XXIII, kanuni ya 1. Mwenye shauri anaweza kuliondoa wakati wowote, lakini akiliondoa bila ruhusa ya mahakama ya kulifungua upya, hawezi kurudi na jambo lilelile, na anaweza kuamriwa kulipa gharama. Ruhusa hiyo hutolewa pale shauri linapokuwa na kasoro ya kiutaratibu itakayoliangusha, au kukiwa na sababu nyingine ya kutosha. Kanuni yenyewe inazungumzia kesi, lakini ni salama kuifuata hata katika maombi. Kwa hiyo usiishie kusema "naondoa". Sema: "Mheshimiwa, naomba kuyaondoa maombi haya, na naomba mahakama iniruhusu kuyafungua upya," kisha utaje sababu yako waziwazi. Kama ni dosari katika kiapo chako, yaani maelezo ya maandishi uliyoyaapia na kuyaambatisha kwenye maombi, itaje dosari hiyo, kuificha hakukusaidii.

Usisubiri pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria ya upande wa pili kwamba maombi yako yatupwe kabla ya kusikilizwa. Upande wa pili ukishaliwasilisha, ombi la kuondoa huonekana kama njia ya kulikwepa, na mahakama zetu zimekuwa zikilikataa.

Kama sababu ni maridhiano, omba ahadi ya mdaiwa kwamba hataingia shambani iingizwe kwenye mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu za mahakama, naye aithibitishe mbele ya hakimu, kwa kuwa maneno yaliyosemwa barazani kwa mjumbe ni vigumu kuyathibitisha baadaye. Hapohapo kubalianeni kila upande ubebe gharama zake. Kumbuka pia kwamba aliyedharauliwa ni mahakama, si wewe; msamaha wako hauifungi.

Amri ikitolewa, omba nakala na uisome kabla ya kuondoka, hata kama umetoka Liwale na basi linakusubiri. Maneno ya kuruhusiwa kufungua upya yasipokuwemo, omba marekebisho mapema.

Linalowaponza wengi ni muda. Ruhusa ya kurudi haisimamishi saa: kanuni ya 2 ya Amri hiyohiyo ya XXIII inasema ukomo, yaani muda wa mwisho wa kufungua shauri, utahesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa, na chini ya Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, maombi yasiyowekewa muda maalumu yana siku 60. Kwa tukio la zamani, siku hizo huenda zimekwisha kabla hujaondoa chochote. Ruhusa itakufaa zaidi kwa uvunjaji mpya. Nao uvunjaji mpya unahitaji zuio lililo hai. Zuio la muda halizidi miezi 6, na likiongezwa, jumla yake haipiti mwaka 1. Angalia tarehe yake kwanza. Kama linakaribia kwisha na kesi ya msingi bado ipo, omba liongezwe kabla hujayaondoa maombi.