Bustani ya Nyumbani Inayokaribisha Ndege wa Tabora

Anayetaka ndege wa asili wakae katika bustani yake mjini Tabora asianze na kumwaga mtama. Aanze na maji. Mvua ikishakatika mwezi Mei, kiangazi huendelea hadi Oktoba, na chombo kimoja cha maji safi huwaleta uani tetere, shorwe na chozi ambao mwenye nyumba hakujua kuwa ni majirani zake.

Gae pana la mtungi linafaa kuliko ndoo. Kina cha maji kisizidi sentimita 5, na katikati liwekwe jiwe linalojitokeza, ili ndege mdogo apate pa kusimama. Liweke juu ya kisiki, mita 2 hivi kutoka kwenye kichaka kinene ambamo paka huweza kujificha, lakini chini ya tawi ambalo ndege atalikimbilia. Lisugue na kubadilisha maji kila asubuhi, la sivyo utakuwa unafuga mbu. Wenye kuku walitenge kabisa na vyombo vya mifugo, kwa kuwa kideri huweza kuenea kwa maji yanayochangiwa.

Baada ya maji ni miti. Miembe tunayo, na kivuli chake ni kizuri. Hata hivyo, penye nafasi pandeni mkuyu, mbali na msingi wa nyumba, kwa ajili ya wala matunda kama shorwe, na kando ya ukuta mishubiri, ambayo maua yake yenye umbo la mrija humfaa mdomo wa chozi.

Jambo gumu kwetu ni ufagio. Tumelelewa kufagia uwanja hadi udongo ubaki mtupu, kisha majani tunayachoma, na pamoja nayo tunateketeza wadudu ambao ndege huwapelekea makinda yao. Hata mnana, tunayemjua kwa kula nafaka, hulisha makinda wadudu. Nakusihi uache pembe moja yenye majani makavu, mbali na mlango kwa tahadhari ya nyoka, na usipulizie dawa ya wadudu hapo wala kwenye mboga zilizo jirani.

Kupogoa kufanyike Juni au Julai, kabla mvua za Novemba hazijaanza na ndege wengi hawajajenga viota. Tena kila tawi likaguliwe kwanza, na likiwa na kiota chenye mayai au makinda, liachwe mpaka wenyewe waruke.