Ukitaka kumjua Aïssa Maïga usianze na ile hotuba

Watu wengi hapa Mombasa wakimjua Aïssa Maïga, mwigizaji wa Ufaransa, basi wamemjulia kwenye ile klipu ya tuzo za César, tuzo kubwa za sinema za Ufaransa, Februari 2020 kule Paris, amesimama mbele ya watu wa sinema wa Ufaransa anawaambia kila akiingia ukumbi kama ule hawezi kujizuia, lazima ahesabu weusi waliomo ni wangapi. Klipu naipenda sana, lakini ukianza nayo utamjua msemaji tu, mwigizaji hujamjua bado, na huko ni kumdhulumu maana ashafanya kazi miaka mingi kabla ya ile siku. Mpango huu wa kutazama filamu zake moja baada ya nyingine nimeupitisha na mamangu na dada zangu sebuleni kwetu Majengo, Ijumaa usiku baada ya isha, na umefaa.

Kabla hujawasha tivii waambie wenzio machache tu. Kazaliwa Dakar, Senegal, mwaka 1975, babake ni mtu wa Mali, mwandishi wa habari Mohamed Maïga, na huyo babake alifariki 1984 binti hajafika hata miaka tisa. Kakulia Ufaransa. Yatosha, mengine mtayaona usoni kwake.

Kingine, ukitafuta mitandaoni shika jina la Kifaransa pamoja na mwaka, kwa sababu filamu za kule zikitoka nje hubadilishwa majina. Bienvenue à Marly-Gomont ya 2016 utaikuta inaitwa The African Doctor, na ukitafuta jina moja tu utazunguka mpaka bando iishe.

Sasa anza na kitu kifupi. Iko filamu ya 2006 inaitwa Paris, je t'aime, ni vipande 18 vifupivifupi, kila kimoja na mwongozaji wake, wewe nenda moja kwa moja kwenye kile cha Place des Fêtes alichokiongoza Oliver Schmitz wa Afrika Kusini. Ni dakika chache tu. Aïssa ni mhudumu wa dharura, yuko chini anamshughulikia kijana Mnigeria aliyedungwa kisu, na yule kijana anataka wanywe kahawa pamoja, basi kahawa inaagizwa, na wakati vikombe viwili vinamfikia mkononi ndio kijana anakata roho. Mtazame mikono. Vikombe vinatetemeka, yeye hasemi neno. Mamangu ambaye haelewi Kifaransa hata kidogo aliniambia irudishe, tukairudisha mara mbili.

Wiki inayofuata weka Bamako, ya mwongozaji Abderrahmane Sissako, nayo ni ya 2006, na hapa nitakaa kidogo kwa sababu ndipo watu huchoka na kuondoka. Hadithi ni kwamba Benki ya Dunia na IMF, lile Shirika la Fedha la Kimataifa, zimeshtakiwa, na kesi inasikizwa uani, ua wa nyumba ya watu kama hizi za Swahili zetu, nguo zinaanikwa, watoto wanapita, mawakili na majoho yao wanahutubia. Aïssa ni Melé, mwimbaji wa baa, ndoa yake na mumewe Chaka inavunjika polepole na hakuna anayeitolea ushahidi. Sasa waonye wenzio mapema mambo mawili. Moja, kuna mzee mkulima, Zegué Bamba, anasimama kutoa ushahidi kwa kuimba na maandishi ya chini hayatokei kabisa, si kwamba yameharibika, ndivyo ilivyokusudiwa. Pili, katikati itatokea sinema ya makaboi na Danny Glover, mwigizaji wa Marekani, yumo, dada yangu mara ya kwanza alidhani nimebonyeza rimoti nikahamia stesheni nyingine. Kisha ngojeni pale Melé anapoimba huku machozi yanamtoka na sauti haikatiki. Kwa kazi hii 2007 aliteuliwa tuzo ya César ya mwigizaji wa kike anayechipukia.

Marly-Gomont ni nyepesi, mke wa daktari Mkongo anatarajia Paris anajikuta kijijini kwenye matope, tazameni na watoto. Ukiwa mpenzi wa sirizi za polisi kuna Taken Down ya Ireland, 2018. Zipite haraka ufike The Boy Who Harnessed the Wind ya 2019, iko Netflix, yeye ndiye Agnes, mama wa kijana William Kamkwamba wa Malawi. Zimeni maandishi ya chini dakika kumi hivi mkisikiza Kichewa, ni raha ya ajabu kwa mtu wa Kiswahili: njala ni njaa, mvula ni mvua, madzi ni maji. Naye alilazimika kujifunza hiyo lugha, haikuwa yake.

Sasa ndio muipate hotuba. Lakini kwanza elezea kwamba Mei 2018 waigizaji weusi 16 wa Ufaransa, yeye akiwa ndiye aliyewakusanya, walitoa kitabu Noire n'est pas mon métier, yaani kuwa mweusi si kazi yangu, na wakapanda pamoja ngazi za tamasha la filamu la Cannes. Ukiwa ushamwona na vile vikombe na ushamwona Melé, utasikia kwa nini anahesabu.

Ya mwisho ni aliyoiongoza mwenyewe, Marcher sur l'eau ya 2021, si ya kuigiza, ni kijiji cha Niger ambako watu wanatembea masafa marefu kutafuta maji ilhali chini ya ardhi wanayoikanyaga maji yamejaa. Kama nyumbani kuna mtu aliyelelewa bara ya Kwale, kule Kinango au Samburu, mkalishe mbele. Mamangu alianza kusimulia punda na madumu kabla hata nusu saa haijaisha. Isimamishe filamu, muache aseme mpaka amalize, kisha muendelee.