Somo: Kudai haki unapokatwa malipo ya umeme usiyoyaelewa (Arusha na Moshi)

Kila mwezi naulizwa swali lile lile: "LUKU (mita ya umeme wa kulipia kabla) imenila, nishtaki wapi?" Naliandika hapa mara moja, na atakayeuliza tena ataelekezwa huku.

Kwanza, piga hesabu. Mteja wa kawaida wa nyumbani hutozwa shilingi 292 kwa uniti, na juu yake kuna VAT ya asilimia 18, tozo ya REA (wakala wa umeme vijijini) asilimia 3 na ya EWURA (mdhibiti wa huduma za nishati na maji) asilimia 1. Kwa hiyo shilingi 10,000 huleta uniti 28 hivi. Ukipata karibu 24 katika ununuzi wa kwanza wa mwezi, soma risiti kabla ya kugomba, kwa kuwa kodi ya jengo, shilingi 1,500 kwa nyumba ya kawaida, hukatwa humo humo, na lalamiko la kodi si lalamiko la umeme. Mteja wa matumizi madogo hulipa shilingi 100 kwa uniti hadi uniti 75 kwa mwezi, na zinazozidi hutozwa 350. Malalamiko mengi ninayoletewa huishia hapa.

Pili, kusanya risiti, namba ya mita na picha za usomaji wa mita.

Tatu, lalamika TANESCO, yaani shirika la umeme la Tanzania, kwa maandishi. Hapa ndipo mashauri mengi hufia. Mtu huenda kaunta, huzungumza na kijana mwenye adabu, huambiwa "tutalishughulikia", kisha hurudi nyumbani mikono mitupu. Baadaye anapotakiwa kuonyesha kwamba kampuni ilipewa nafasi ya kurekebisha kosa, hana hata karatasi. Andika barua, utaje tarehe, usomaji, kiasi unachobishania na unachoomba: kurejeshewa fedha, kufutiwa deni, au mita kupimwa. Usiandike tu "naomba msaada", maana ombi la namna hiyo halina cha kukubaliwa wala kukataliwa. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa mbele yako. Na tafadhali, usifungue mita wala usiguse lakiri ili "kuthibitisha" kwamba ni mbovu, kwani mlalamikaji hugeuka mtuhumiwa hapo hapo.

Nne, usiporidhika, peleka lalamiko EWURA, Kanda ya Kaskazini, Arusha. Wa Moshi nanyi ni huko huko. Kampuni itatakiwa kujibu, usuluhishi utajaribiwa, na ukishindikana shauri litasikilizwa na kutolewa uamuzi.

Tano, asiyeridhika na uamuzi hukata rufaa Baraza la Ushindani ndani ya siku 21.

MASWALI

Swali: Sijasoma yote. Naweza kwenda EWURA kesho asubuhi?
Jibu: Soma hatua ya tatu.

Swali: Barua za nini? Ukienda redioni wanarekebisha siku hiyo hiyo.
Jibu: Huenda, ndugu yangu. Lakini redio haiwezi kuamuru urejeshewe fedha, na hiki nilichoandika ni somo la sheria.

Swali: Shikamoo mwalimu. Nimepanga Njiro, mita ina jina la mwenye nyumba, naye ametufungia mita ndogo na anatutoza anavyotaka. Je, nimshtaki TANESCO?
Jibu: Marahaba, mwanangu, umeuliza vizuri. Tenganisha mambo mawili. Kama kosa liko kwenye mita kuu, mwombe mwenye nyumba asaini barua, au akupe barua ya kukuruhusu kufuatilia kwa niaba yake. Kama kosa ni bei anayowatoza ninyi, mgogoro wenu ni wa upangaji, nanyi mdai mkataba na risiti za mita kuu mlinganishe.

Swali: Mzee wangu yuko Moshi, anakatwa deni la zamani kila anaponunua umeme. Hajui limetoka wapi.
Jibu: Aombe kwa barua mchanganuo wa deni: ni la kipindi gani, usomaji upi ulitumika, na kwa bei ipi. Asisaini makubaliano yoyote ya kulilipa kabla ya kuupata, kwa sababu sahihi yake inaweza kutumiwa kuonyesha kwamba alilikubali.

Swali: Risiti zangu zimefutika zote.
Jibu: Karatasi hizo hufifia kwa joto, kwa hiyo zipige picha siku ile ile na utunze ujumbe wa simu wenye tokeni. Kwa zilizopotea, omba TANESCO orodha ya manunuzi ya mita yako. Ukihitaji wa kukushika mkono katika kuandaa lalamiko, lipo Baraza la Ushauri la Watumiaji wa Huduma za Nishati na Maji, ambalo kazi yake ni kumtetea mtumiaji.